Maina wa Kinyatti hakufungwa kwa jaribio la mapinduzi

Wengi hudhani kwamba mwanahistoria Maina wa Kinyatti alifungwa kwa kushiriki jaribio la mapinduzi la Agosti 1, 1982 nchini Kenya. Sivyo. Alikamatwa mwezi Juni, wiki kadhaa kabla ya jaribio hilo, akiwa mhadhiri wa Chuo Kikuu Kishiriki cha Kenyatta, na polisi walichukua pia majalada ya utafiti wake kuhusu Mau Mau, hasara ambayo, kwangu, ni nzito mno kwa taifa. Shtaka lilikuwa kupatikana na chapisho la uchochezi, na kifungo kilikuwa miaka 6. Miaka miwili kabla ya kukamatwa, alikuwa amechapisha mkusanyiko wa nyimbo za wapiganaji wa Mau Mau. Aliachiliwa mwaka 1988, kisha akaenda uhamishoni Marekani.