Jina Moja, Kazi Tatu
Wengi huamini kwamba jina moja likijirudia kwenye utunzi, uongozaji na uhariri wa filamu, basi mwenyewe aliitengeneza peke yake, au anapenda sifa. Mara nyingi sababu ni mfuko. Kuandika hutangulia kupiga picha, kuhariri hufuata. Mtu mmoja anaweza kuzifanya zote kwa zamu bila kulipa watu watatu. Ila akiigiza mbele ya kamera, hawezi pia kushika ile fimbo ndefu ya maikrofoni juu ya kichwa chake.

Usizime majina yanapoanza kupanda mwishoni. Simamisha, usome: sauti, taa, vipodozi, mavazi, hata mpishi (huyu, kwa maoni yangu, ndiye huokoa siku). Kisha linganisha na filamu nyingine ya yule mwenye jina lililojirudia.