Je, wajua kwa nini kesi ya mkulima na sosaiti yake huishia Mahakama Kuu?

Kesi ya deni ya kawaida hapa Kenya inaweza kuanza kwa hakimu, ipande Mahakama Kuu, ipande tena Mahakama ya Rufaa, na wenye pesa na hasira wakatafuta hata njia ya kufika Mahakama ya Juu. Lakini wewe memba wa sosaiti, yaani chama cha ushirika, ya kahawa huko Murang'a ukigombana na kamiti juu ya malipo ya cheri (matunda ya kahawa) zako, ngazi yako ni fupi. Unaanzia Tribunali ya Ushirika, baraza maalum la kuamua ugomvi wa ushirika, unakata rufaa Mahakama Kuu, basi. Sheria ya Vyama vya Ushirika, Sura 490, kifungu cha 81, inasema wazi kwamba hapo uamuzi ni wa mwisho.

Kwa nini wakafanya hivyo? Zamani, chini ya sheria ya 1966, ugomvi wa ushirika ulipelekwa kwa Kamishna wa Ushirika, aamue mwenyewe ama ateue msuluhishi. Sasa huyo Kamishna ndiye alikuwa anasajili sosaiti, anazikagua, anaingilia mambo yake, halafu tena ndiye awe jaji, hapo mkulima angepata haki kweli? Sheria mpya ya 1997 ikaleta Tribunali, wanasheria wakae pamoja na watu wanaojua ushirika kwa vitendo, watu ambao hauhitaji kuwaeleza mbuni, ile kahawa iliyokaushwa na maganda yake, ni nini. Na ilikuja wakati mbaya kweli, maana serikali ilikuwa imelegeza mkono na sosaiti kubwa za kahawa kule Nyeri na Murang'a zikaanza kugawanyika, kila kiwanda kinataka kujitegemea, madeni na mali yagawanywe vipi hakuna anayekubali. Ukiacha ugomvi kama huo upande mahakama tatu, nne, msimu baada ya msimu, pesa ya wakulima inaliwa na mawakili. Mimi naona ngazi fupi ilikuwa wazo zuri, ingawa aliyeshindwa Mahakama Kuu hawezi kukubaliana na mimi.

Sasa kuna mtego hapo mwanzo kabisa. Kifungu cha 76 kinapeleka Tribunali ugomvi unaohusu shughuli za sosaiti, kati ya memba na memba, memba na sosaiti au kamiti yake, sosaiti na sosaiti. Aliyewauzia mbolea na si memba anaenda mahakama ya kawaida, karani aliyefutwa kazi anaenda mahakama ya kazi. Mkulima wa chai anayepeleka majani kiwanda cha KTDA, shirika la chai ya wakulima wadogo, naye huwa anashangaa, lakini kile kiwanda ni kampuni na yeye ni mwenye hisa, kwa hivyo hayumo humu, tofauti na wa maziwa kule Githunguri ambaye ni memba wa ushirika. Ukikosea mlango, hata ukishinda, mwenzako atauliza kwenye rufaa kama waliokusikiliza walikuwa na mamlaka, na kila kitu kinaanguka. Kesi inayotajwa kila mara hapo ni ya 1989 kuhusu meli, Lillian S, ambapo Mahakama ya Rufaa ilisema korti isiyo na mamlaka iweke vifaa chini, yaani isiendelee na kesi. Meli kabisa, na leo inaangusha kesi za kahawa.

Halafu siku 30. Ukipata amri ya Tribunali una siku 30 za kwenda Mahakama Kuu. Ukichelewa unaweza kuomba nyongeza, lakini hiyo si haki yako ya kudai, Mahakama ya Juu iliweka wazi mwaka 2014 kwenye kesi ya Nick Salat na IEBC, tume ya uchaguzi, kwamba lazima ueleze kwa nini umechelewa. "Tulikuwa tunangoja mkutano mkuu" inasikika vizuri sosaiti, kwa jaji sijui kama itakufikisha mbali.

Na watu wengi hudhani ukishakata rufaa basi malipo yanasimama. Hapana! Kanuni za kesi za madai, Amri ya 42, zinasema rufaa peke yake haizuii chochote, dalali anaweza kuja kubeba gari la sosaiti huku faili yenu ikingoja tarehe. Lazima muombe amri ya kusimamisha, muombe mapema, muonyeshe mtaumia kiasi gani, na muweke dhamana, mara nyingi pesa yenyewe.

Jaji akikaa na rufaa yenu anasoma ushahidi wote upya, huku akikumbuka yeye hakuwaona mashahidi wakiongea, hiyo imeshikiliwa tangu kesi ya Selle ya 1968. Anaweza kukubaliana na Tribunali, kubadilisha amri, kuifuta, au kuirudisha huko isikilizwe tena na maagizo yake. Lakini kuna tofauti moja kwa wanakamiti walioambiwa na Kamishna warudishe pesa walizotumia vibaya. Hao pia wana siku 30 kwenda Tribunali kupinga amri hiyo ya Kamishna, ila wakitoka hapo kwenda Mahakama Kuu wanabishania sheria tu, kifungu cha 74, si mambo ya risiti ilikuwa wapi na nani alitia sahihi. Kwa hivyo kama una risiti, itoe Tribunali.