Kwa nini rais wa Ufaransa aliifungia kabatini filamu ya ushindi wake?

Tarehe 19 Mei 1974 Valéry Giscard d'Estaing alimshinda François Mitterrand kwa asilimia 50.81 ya kura, akawa rais wa Ufaransa. Kampeni yake ilikuwa imefuatwa na kamera ya Raymond Depardon, mpigapicha aliyeitwa na Giscard mwenyewe, na gharama akazilipa Giscard mwenyewe. Lakini filamu ilipokamilika, mwenye mali akakataa isionyeshwe. Ilikaa miaka 28.

Ndani yake hamna rushwa wala siri ya dola. Sasa alihofia nini?

Giscard alikuwa na miaka 48 na alimhusudu Kennedy. Mwaka 1960 mtengeneza filamu Mmarekani Robert Drew na wenzake walimfuata Kennedy kwenye kura za mchujo kule Wisconsin, kamera ikimwandama mgongoni katikati ya umati. Giscard naye alitaka aonekane hivyo: kijana, mchangamfu, mtu wa zama mpya.

Depardon hakuweka msimulizi wala mahojiano. Alitazama tu. Jioni ya matokeo tunamwona mgombea ofisini kwake, Wizara ya Fedha, ambayo wakati huo ilikuwa ndani ya jengo la Louvre. Yuko peke yake na televisheni, anangoja. Nchi nzima inahesabu kura zake, na chumba kimya. Kwangu hicho ndicho kipande kizito kuliko hotuba zote.

Mlinganishe na Pierre Mendès France, waziri mkuu wa zamani, katika filamu ya Marcel Ophuls ya 1969 kuhusu Ufaransa chini ya Wajerumani. Anasimulia alivyotoroka kizuizini Clermont-Ferrand mwaka 1941. Yuko juu ya ukuta, tayari kuruka, kumbe chini pana wapenzi wawili: mwanamume anabembeleza, mwanamke anasitasita. Ikambidi angoje huko juu mpaka mwanamke akubali waondoke. Anaisimulia kwa raha, na mtazamaji anampenda papo hapo.

Wote wawili wanaonekana kama wao wenyewe, ila Mendès France ndiye aliyeshika usukani: anachagua aanzie wapi, anyamaze wapi. Giscard hakuwa na nafasi hiyo. Kamera ilichukua namna anavyokaa na anavyosubiri, mambo ambayo mwanasiasa hayaandiki kwenye hotuba. Naamini hilo ndilo lililomuuma: hakukuta kosa la kukanusha, alijikuta yeye.

Hata Mitterrand alipomng'oa madarakani mwaka 1981, zuio halikuondoka. Filamu ilifika kwenye majumba ya sinema Februari 2002, kwa jina *1974, une partie de campagne*, na Giscard alikuwa ametimiza miaka 76 mwezi huohuo.