Gari Lenye Antena Juu ya Paa: Linapima Nini Linapopita Mtaani Kwako

Malalamiko ya mwingiliano wa mawimbi yanaongezeka hapa Dar es Salaam, na pamoja nayo yanaongezeka maneno kuhusu gari letu la ufuatiliaji wa masafa. Lilipoegeshwa karibu na kituo cha daladala pale Sinza, kijana mmoja aliwaeleza wenzake, kwa uhakika wa mtu aliyeliunda mwenyewe, kwamba limekuja kunasa mazungumzo ya WhatsApp. Sikumlaumu, ingawa hilo nimeshalisikia mara nyingi kuliko ninavyopenda. Gari lile linatafuta wimbi linatoka upande gani, na kwa kazi hiyo halina haja ya kujua kama wimbi limebeba hotuba, taarabu au mlio mtupu.

Wimbi la redio husafiri takriban kilomita 300,000 kwa sekunde, kwa hiyo wimbi la megahezi 100, lililomo katika masafa ya redio za FM, lina urefu wa mita 3. Tukisimamisha antena mbili zilizoachana kwa mita 1, na wimbi likaja likifuata mstari unaoziunganisha, litaifikia antena ya pili likiwa limechelewa kwa theluthi moja ya mzunguko wake, yaani kama nanosekunde 3.3. Likija kutoka mbele kabisa, litazifikia zote mbili kwa pamoja na tofauti itakuwa sifuri. Likija kwa pembe ya nyuzi 30 kutoka hapo mbele, ucheleweshaji utakuwa nusu ya ule wa kwanza. Hiyo ndiyo tofauti ya awamu, na ndiyo tunayoipima. Nguvu ya wimbi peke yake haisemi kitu cha kutegemewa, kwa sababu mtambo dhaifu ulio jirani huweza kusikika sawasawa na mtambo mkubwa ulio mbali.

Antena mbili, hata hivyo, haziwezi kutofautisha mbele na nyuma, na zikiachana zaidi ya nusu ya urefu wa wimbi, pembe mbili tofauti huweza kutoa jibu lile lile. Ndiyo maana antena hupangwa kwa duara, mara nyingi tano au tisa, chini ya kile kifuniko cha plastiki juu ya paa ambacho wengi hukidhania dishi. Kupanga antena kwa safu si jambo la jana: Frank Adcock wa Uingereza alipewa hataza ya mpangilio wake wa antena za wima mwaka 1919. Kilichobadilika ni uchakataji. Siku hizi kompyuta huchukua tofauti za awamu kutoka antena zote, ikazilinganisha na jedwali lililoandaliwa wakati safu hiyo ilipokuwa ikisawazishwa, pembe kwa pembe na masafa kwa masafa, kisha ikachagua upande unaofanana zaidi na kipimo. Ziko pia mbinu zinazotenganisha mawimbi kadhaa yaliyomo katika masafa yale yale, kama ile iitwayo MUSIC ambayo Ralph Schmidt aliichapisha katika jarida mwaka 1986. Kwa mbinu hiyo, safu ya antena tisa huweza kutenganisha vyanzo visivyozidi vinane.

Mjini, mambo hayanyooki hivyo. Pale Sinza tulikuwa tukifuatilia kelele, yaani mawimbi yasiyotakiwa, katika masafa ya megahezi 900, ambayo simu huyatumia kuufikia mnara, na wakazi walikuwa wakilalamika kwamba simu hazitoki nyakati za jioni. Kila kipimo hutupa mstari wa upande wimbi linakotoka, na chanzo hutafutwa pale mistari inapokutana. Mstari tulioupima kutoka Ubungo na ule wa Shekilango ilikutana vizuri, lakini ule wa Mwenge ulielekea kwenye jengo refu la vioo lisilohusika kwa lolote. Wimbi lilikuwa limegonga vioo na kurudi. Wimbi lililoakisiwa ni nakala ya wimbi lile lile, na nakala ya namna hiyo huichanganya hata MUSIC isipofanyiwa marekebisho maalumu. Tena hata pasipo mwakisiko, kosa la nyuzi 2 kwa umbali wa kilomita 10 ni sawa na mita 350 hivi pembeni. Pale Kariakoo, umbali huo una mitaa mingapi? Kwa hiyo tunapima tena kutoka mahali pengine, tunasogea, na mwishoni mhandisi huteremka kwenye gari na kutembea kwa miguu akiwa na antena ya mkononi.

Antena hiyo ilitufikisha kwenye bomba la chuma lililofungwa kwa waya kwenye nguzo ya baraza. Juu yake palikuwa na busta ya antena ya televisheni, ndogo kama kipande cha sabuni, imeviringishwa mfuko wa plastiki ili isinyeshewe. Ilikuwa imeharibika na badala ya kukuza mawimbi ilikuwa ikiyarusha.

“Baba, mimi naangalia tamthilia tu, redio sina,” alisema mwenye nyumba.

“Tunajua, mama. Hatujaja kukushtaki, tunaomba tu uichomoe,” nilimjibu. Aliichomoa, na kelele ikatoweka kwenye kioo cha kipimo.

Mwenye kifaa kibovu asiyejua ni tofauti na anayerusha matangazo bila leseni. Leseni ya masafa hutaja masafa yenyewe, nguvu ya mtambo, mahali ulipo na antena yake. Kubadilisha kimojawapo bila idhini ni kukiuka leseni, hata kama mmiliki anayo karatasi ukutani. Kutumia masafa bila leseni ni kosa chini ya Sheria ya Mawasiliano ya Kielektroniki na Posta ya mwaka 2010, na adhabu yake ni faini, kifungo au vyote viwili. Hoja ya kwamba “ni karedio kadogo ka mtaani” haina uzito: masafa ya FM yanaishia megahezi 108, na hapo hapo ndipo yanapoanza masafa ya vifaa vinavyoongoza ndege.

Anayelalamika atusaidie kwa kuandika masafa au huduma iliyoathirika, tarehe, saa kelele inapoanza na inapokwisha, na eneo lake kamili. “Mtandao mbovu siku zote” si taarifa. Aangalie pia kama kelele hukoma umeme wa mtaani unapokatika, kwa maana hapo chanzo huenda kinatumia umeme huo huo.

Na gari likionekana, tafadhali msizimiane vifaa kwa kupeana taarifa nyumba hadi nyumba. Wimbi lisiporushwa hakuna cha kupima, na hutulazimu kurudi kesho yake, saa ile ile ya tamthilia.