Benki ya uwekezaji si mahali pa kuweka akiba

Wengi Nairobi huamini benki ya uwekezaji ni benki kama nyingine, ila riba yake nono. Sivyo. Leseni yake hutoka Mamlaka ya Masoko ya Mitaji, si Benki Kuu, na kazi yake kubwa ni kusaidia kampuni au serikali kuuza hisa na hati fungani (hati za mkopo zinazouzwa kwa wawekezaji), kisha ilipwe ada.

Kumbuka Safaricom, 2008, foleni zilivyojaa mjini. Serikali iliuza hisa bilioni 10, asilimia 25 ya kampuni, kwa shilingi 5 kila moja kwa wanunuzi wa nchini. Washauri, yaani benki za uwekezaji, walipendekeza bei, wakaandaa waraka wa mauzo, wakatafuta wanunuzi hadi ng'ambo. Mapato hayakuwa yao, wala (hili bado huwashangaza watu) hayakuwa ya Safaricom; muuzaji alikuwa serikali. Bei iliposhuka chini ya shilingi 5 mwaka huohuo, hasara ilibaki kwa mnunuzi.