Nyumba ya dola 40,000 unayoilipa 100,000: mambo tunayodanganyana juu ya mkopo wa nyumba

Jumapili moja shemeki wangu alikuja kwetu Kampemba, hapa Lubumbashi, Kongo, na bahasha ya kaki chini ya kwapa, akakaa chini ya mwembe, hata maji hajaomba, akasema: «Shemeki, banki banakubali, nipee paka baraka,» yaani nipe baraka tu. Ndani ya bahasha kulikuwa na karatasi moja ya mahesabu. Mkopo dola 40,000, riba 15 kwa mia, miaka 15, treti, yaani malipo ya kila mwezi, dola 559.84. Shemeki anafanya kazi mgodini, analipwa kwa dola, 560 anaiweza, mke wake, dada yangu, alishachagua hadi rangi ya rido, yaani mapazia.

Nikampa simu yangu, nikamwambia afungue kalkuleta azidishe 559.84 mara 180, maana miaka 15 ni treti 180. Akaandika. Akafuta, akaandika tena, akifikiri kidole kimeteleza. Ilitoka ileile: 100,771.

Sasa siandiki hapa kumkataza mtu kukopa, mimi mwenyewe niko na mkopo na bado naulipa. Naandika juu siku ile chini ya mwembe tulibishana mpaka jioni na kila neno alilosema shemeki nimeshalisikia kwenye basi, kazini, kwenye matanga, kila mahali, na karibu yote hayako sawa.

«Riba ni 15, basi kwa 40,000 nitaongeza 6,000»

Hii njo mama yao. Ile 15 ni ya mwaka, halafu inahesabiwa upya kila mwezi juu ya deni lililobaki. Chukua 15 ugawe kwa 12, unapata 1.25 kwa mia kwa mwezi. Ya 40,000 ni dola 500. Kwa hiyo mwezi wa kwanza umetoa 559.84 yako, banki inachukua 500 kwanza, zinabaki 59.84, hizo njo zinapunguza deni. Mwezi wa pili unadaiwa 39,940.16, riba yake 499.25, deni linapungua 60.59. Mwendo wa kinyonga.

Ngoja sasa nikupe ile iliyomnyamazisha shemeki. Ukilipa hivyo miaka mitano bila kukosa hata mwezi mmoja, utakuwa umetoa karibu dola 33,590. Ukienda kuuliza deni limebaki ngapi watakuambia karibu 34,700. Yaani miaka mitano yote imekula dola 5,300 tu za deni, zile 28,000 na zaidi zimeenda kwenye riba. Mimi nilijua hii kwa kuchelewa, mwaka wa tatu wa mkopo wangu niliingia banki kifua mbele kuuliza salio, nilitoka nikapitiliza kituo cha basi bila kujua.

Na hapo banki haijaiba, tusisingizie. Hesabu ya treti zinazolingana iko hivyo duniani kote, mwanzoni riba inakula kubwa juu deni bado kubwa, mwishoni inageuka. Kosa la banki yangu ni lingine: ilinipa treti na tarehe, haikunipa tablo. Tablo ni zile kurasa zinazoonyesha kila mwezi riba ngapi, deni ngapi, linabaki ngapi. Iombe kabla ya kutia sahihi. Ajan, mfanyakazi wa banki, akikuambia itatoka baadaye, mwambie na sahihi itatoka baadaye.

«Chukua miaka mingi, treti inakuwa nyepesi»

Nyepesi kiasi gani? Tulihesabu ule mkopo kwa 15 kwa mia palepale. Kwa miaka 10 treti ni 645, jumla unarudisha 77,441. Kwa miaka 15 ni 560, jumla 100,771. Kwa miaka 20 ni 527, jumla 126,412.

Angalia vizuri kati ya 15 na 20. Umepunguziwa dola 33 kwa mwezi, kwa hizo 33 unalipa zaidi ya 25,000 juu. Shemeki aliitazama hiyo akasema «Paka 33? Hiyo mi nakunywa ku wikendi.» Haya, umesema mwenyewe.

Na miaka 20 kwa mtu wa mgodi ni muda mrefu sana jamani. Wazee wa hapa wanakumbuka mwisho wa 2008 shaba ilipoanguka bei, makampuni yakafunga, watu wakarudi nyumbani na kofia zao za kazi. Na Februari 2025, Serikali ilisimamisha kobalti isitoke nchini, tangazo moja, na kila mtu anayekula kwa kobalti akaanza kuhesabu siku. Katika mkopo wa miaka 20 mambo kama hayo yatakukuta tu, labda mara mbili, na treti haina habari na bei ya shaba.

«Kule kwa koperative ni 2 kwa mia tu, ni nafuu kuliko 15»

Mbili ya nini? Ya mwezi. Mara 12 ni 24 kwa mwaka, tayari imeshaipita 15. Lakini kuna mtego wa ndani zaidi ambao hata watu waliosoma wanaingia. Kuna riba inayohesabiwa juu ya deni linalobaki, na kuna riba inayohesabiwa juu ya ule mkopo wa siku ya kwanza mpaka mwisho, hata kama umeshalipa karibu yote. Tuseme 10,000 kwa miezi 24, 2 kwa mia kwa mwezi. Kwa njia ya kwanza treti ni karibu 529 na jumla 12,689. Kwa njia ya pili unalipa riba ya dola 200 kila mwezi mpaka ule wa mwisho, wakati unadaiwa dola mia nne tu na kitu. Treti 617, jumla 14,800. Dola elfu mbili na zaidi zimetoka kwako na karatasi zote mbili zimeandikwa «2%».

Ukiipiga hesabu ya kweli, ile ya pili ni karibu 3.4 kwa mia kwa mwezi. Kwa hiyo swali la kuuliza pale dirishani ni moja: mwezi wa mwisho nitalipa riba ngapi? Akikuambia ni ileile ya mwezi wa kwanza, umeshajua. (Banki Lamberi siitaji hata, yule jirani anayekopesha na kuchukua kadi yako ya banki, hapo usiende kutafuta nyumba, utapoteza hata kitanda.)

«Mkopo wa dola hauna shida, dola ni dola»

Inategemea unalipwa kwa nini. Hapa kwetu kodi ya nyumba kwa dola, kiwanja kwa dola, mkopo kwa dola, lakini mwalimu na muuguzi wa Serikali analipwa kwa franka. Mwaka 2015 dola moja ilikuwa kama franka 930. Mwaka 2024 ilifika karibu 2,800. Treti ya dola 200 ilitoka franka 186,000 ikaenda 560,000, riba haijabadilika hata kidogo, kontra (mkataba) ileile, sahihi ileile. Halafu mwisho wa 2025 franka ikapanda ghafla, dola ikashuka chini ya 2,500, wakalia wale wa dola sasa, maana bei sokoni hazikushuka pamoja nayo. Kopa kwa pesa unayolipwa nayo, ikishindikana basi kopa kidogo kuliko wanavyokuruhusu.

«Ukishalipa treti umemaliza»

Ungemaliza, ila kabla ya treti ya kwanza umeshatoboka mfuko. Fre ya dosie, yaani ada ya kufungua faili. Mtaalamu wa kuja kupima thamani ya nyumba, analipwa na wewe. Notere, yule wa kuthibitisha hati. Kuandikisha ipoteki, yaani rehani ya nyumba, kwa konservateri, ofisa wa hati za ardhi. Asiransi (bima) ya maisha, ambayo mara nyingi inakatwa mbeleni au inaingizwa kimyakimya kwenye mkopo ili nayo izae riba.

Na hapo niko nasema juu ya mtu mwenye karatasi safi. Kwa sheria ya ardhi ya tarehe 20 Julai 1973 ardhi yote ni ya Serikali, wewe unapewa haki ya kuitumia, na karatasi inayothibitisha haki hiyo ni sertifika ya anrejistrema, hati ya kusajiliwa kwa ardhi. Ipoteki inaandikwa juu ya sertifika. Sasa nenda Katuba, nenda Kenya (siyo nchi, ni komine za hapa Lubumbashi), uliza parseli, yaani viwanja, ngapi ziko na sertifika. Wengi wako na livre ya lojeri ya babu (kijitabu cha zamani cha parseli) au fishi ya parseli, karatasi tu ya kiwanja, na jina la juu ni la marehemu. Kuitoa hapo mpaka sertifika ni pesa, ni miezi, ni ndugu wa kutia sahihi wanne na mmoja wao eko Kinshasa hapokei simu. Hiyo yote ni bei ya mkopo japo haiko kwenye karatasi ya banki.

«Ukikosa treti mbili wanakuja kubeba nyumba»

Hapana, haiendi haraka hivyo. Nchi yetu iko ndani ya OHADA, umoja wa nchi za Afrika zenye sheria moja za biashara, tangu 2012, kuuza nyumba ya kukaa iliyowekwa ipoteki kunapita kortini. Ila usifurahi, huku kesi inatembea, riba ya kuchelewa inatembea nayo na gharama za kesi zinarudi kwako. Anayekimbia simu ya banki anaongeza deni. Anayeenda kusema mapema «bwana, nimesimamishwa kazi» mara nyingine anapangiwa upya.

«Nyumba ikiharibika, deni linakwenda nayo»

Uliza watu wa Goma. Mei 2021 volkano ya Nyiragongo ilipotema moto, nyumba za Buhene, pembeni ya mji, zilifunikwa na lava. Nyumba inaweza kugeuka jiwe jeusi, deni ni karatasi na karatasi iko banki, haikuungua. Asiransi ya maisha inalipa deni ukifa, haina habari na moto wala ukuta kuanguka, hiyo ni asiransi nyingine. Tangu sheria ya 2015 SONAS, kampuni ya asiransi ya Serikali, haiko peke yake tena, kwa hiyo unaweza kulinganisha bei, lakini soma inalipa nini, maana wengi wanalipia miaka na hawajui walilipia nini.

«Kulipia nyumba ya watu ni kutupa pesa»

Hapa tulikaribia kugombana. Shemeki analipa 300 kwa mwezi nyumba anayokaa. Kwake hizo 300 zinaanguka shimoni, na 560 ya banki inajenga. Nikamrudisha kwenye ile hesabu ya miaka mitano: riba 28,290 gawa kwa miezi 60, ni kama 471 kwa mwezi. Hiyo 471 nayo hairudi. Ni kodi vilevile, tofauti yake ni kwamba unakodi pesa badala ya vyumba.

Simaanishi ukae kwa watu mpaka uzeeke. Nyumba yako haupandishiwi kodi, mwenye nyumba hakukatii maji kwa hasira, na parseli za hapa zimepanda bei sana, anayenunua mapema anaweza kucheka baadaye. Kujenga kidogo kidogo nako kuna bei yake: simenti inaganda kwenye mfuko, vyuma vinaibwa, na wakati wote unajenga bado unalipa kodi mahali pengine. Ila tulinganishe vitu vinavyolingana, riba na kodi, tusilinganishe treti nzima na kodi.

«Hata nikipata bonasi nikalipa mapema, hakuna faida»

Hii njo ilinishangaza mimi mwenyewe, maana hapa dhana potofu inamkosesha mtu pesa nyingi. Kwenye ule mkopo wa miaka 15, ukiongeza dola 100 kila mwezi tangu mwanzo, yaani ulipe 659.84, deni linaisha karibu mwezi wa 115 badala ya 180. Miaka mitano na nusu imekatika, na unabakisha zaidi ya dola 25,000 mfukoni. Kwa sababu kila dola ya ziada inagonga deni moja kwa moja, haipiti kwenye riba.

Vitu viwili lakini. Soma kontra kama kuna penalite (faini) ya kulipa mapema na ni ngapi. Halafu unapoweka hizo pesa, andika barua fupi kwamba ni za kupunguza deni, uombe tablo mpya na mhuri. Mimi niliweka 600 ya mwisho wa mwaka bila barua, wakaiweka kama treti za mbele, ikalala pale inangojea tarehe, deni halikushtuka.

Jumatatu shemeki alirudi banki kuomba tablo ya miaka 7 kwa dola 25,000. Ajan alimwangalia, akaenda nyuma, akarudi baada ya muda na kurasa tatu za moto kutoka kwenye mashine. Treti 482, jumla 40,523. Alichukua hiyo. Nyumba aliyopata ni vyumba viwili na sebule, haijapigwa plasta nje, ukuta wa parseli hakuna, amezungushia mabati ya zamani yanayolia upepo ukija, na dada yangu hajaniongelesha vizuri tangu siku ile juu ya rido zake, zilikuwa za madirisha makubwa.