Uhamisho wa watumishi Wadalit na Waadivasi nchini India: yanayosemwa na yaliyoandikwa

Barua ya uhamisho ni karatasi moja tu. Lakini kwa karani Mdalit, wa jamii iliyokuwa ikiitwa ya wasioguswa, karatasi hiyo humpeleka mbele ya mwenye nyumba wa mji mgeni atakayemuuliza jina la ukoo. Akilitaja, tabaka lake limeshajulikana, na chumba kilichokuwa wazi asubuhi, jioni huambiwa kimeshachukuliwa. Hapo ndipo mtu anapotamani kinga dhidi ya uhamisho, na hapo ndipo uvumi humpotosha.

"Mtumishi wa tabaka au kabila lililoorodheshwa hahamishwi."

Walioorodheshwa ni jamii zilizomo katika orodha rasmi ya serikali: Wadalit kama matabaka, Waadivasi, yaani wenyeji wa asili, kama makabila. Mtumishi wa jamii hizi anahamishwa kama wengine. Ibara ya 16 ya Katiba ya India imefungua mlango wa nafasi maalumu katika ajira ya umma, lakini haimpi mtu kituo cha kudumu. Kilichopo ni waraka wa serikali kuu wa Juni 1989: watumishi wa ngazi za chini kutoka jamii hizi, yaani Kundi C na Kundi D la zamani, walioajiriwa kwa ajili ya eneo fulani, wapangiwe kazi karibu na kwao kadiri inavyowezekana. Maofisa ambao ajira yao inawataka wafanye kazi popote nchini hawamo.

"Waraka ukikiukwa, mahakama itafuta uhamisho."

Natamani ingekuwa hivyo. Mwaka 1991, katika kesi ya walimu wa shule za msingi wa Bihar, Mahakama ya Juu ilisema kwamba hata uhamisho uliokwenda kinyume na maelekezo ya kiutawala, kwa kawaida mahakama isiuingilie. Aliyeumia apeleke malalamiko kwa wakubwa wa idara. Mwaka 1993 ikakaza zaidi: miongozo haizai haki ya kudai mahakamani. Milango iliyobaki ni miwili, nia mbaya au kuvunjwa kwa sheria yenyewe.

Mlango wa nia mbaya ni mwembamba, ila unapitika. Ofisa mmoja wa ushuru alihamishwa kutoka Bhopal hadi Shillong, upande wa pili wa nchi, baada ya barua ya malalamiko isiyo na jina. Uchunguzi haukumkuta na kosa. Mahakama ya Juu ikatamka kwamba uhamisho uliotolewa badala ya adhabu ni batili. Kwa hiyo anayehisi anaadhibiwa asiishie kulalamika kwamba ni mbali. Aonyeshe mfuatano: siku aliyolalamika, siku aliyoitwa ofisini, siku barua ilipotoka.

"Tume ya Kitaifa ya jamii hizi itauzuia."

Tume hiyo, ambayo tangu 2004 imegawanywa mbili, ya matabaka na ya makabila, inaweza kuita mashahidi na kudai majalada, na mwajiri anayejua ataulizwa huwa mwangalifu zaidi. Lakini mwaka 1996 Mahakama ya Juu ilisema wazi kwamba Tume haina mamlaka ya kutoa zuio. Inapendekeza. Kwa zuio, mtumishi wa serikali kuu huenda kwenye baraza linaloamua mashauri ya utumishi, na kuchelewa humgharimu.

"Basi kinga ni maneno matupu."

Hili ndilo linaloniuma zaidi, kwa sababu linawanyamazisha wenye haki. Waraka wa Juni 1985 unawakataza maofisa kumbagua mtumishi kwa asili yake ya kijamii. Sheria ya 1989 ya kuzuia ukatili dhidi ya jamii hizi inamhesabia kosa la jinai mtu asiye wa jamii hizo anayempa ofisa wa umma habari za uongo na hivyo kumfanya atumie mamlaka yake kumdhuru mwenye asili hiyo. Barua za uzushi zinazotangulia uhamisho zinaweza kuangukia hapo.

Na kila wizara ina ofisa mratibu wa masuala ya jamii hizi. Ombi lipelekwe kwake kwa maandishi kabla ya kuripoti kituo kipya, likitaja waraka wa 1989 kwa tarehe yake. Nakala moja yenye muhuri wa kupokelewa ibaki nyumbani, si kwenye droo ya ofisi.